Kyumanzi Aliyesikia Moyo

Kwenye vilima vya Mbooni hakuna anayechimba kisima kabla kyumanzi hajapita shambani kwake. Ndege huyu ana kimo cha ndama, manyoya ya rangi ya udongo uliolowa, na nyayo pana kama sinia. Huruka tu anapovuka Mto Athi kwenda Kitui wakati wa kiangazi. Siku nyingine zote hutembea, akisikiliza ardhi kwa miguu. Chini kukiwa na maji, ngozi nyekundu ya kooni mwake huanza kutetemeka polepole, bila kukoma, naye huketi papo hapo. Watu humwacha apumzike. Akishaondoka, wanaweka jiwe pale alipokaa na kwenda kutafuta sululu.

Mbaluka alikuwa amechimba visima kumi na saba kwa namna hiyo, vyote vya watu wengine. Mkewe, Kavindu, alishuka mtoni kila siku kwa miaka ishirini na mmoja na kupanda na mtungi mgongoni, kamba ikimkata kipaji cha uso. Kwa hiyo Agosti iliyopita, kyumanzi alipoketi kwenye tuta lao, chini ya migomba, Kavindu alisimama mlangoni akalia kama mtu aliyepokea mgeni wa mbali.

Mbaluka alianza kuchimba Jumamosi. Jumanne asubuhi alikuwa amefika futi ishirini, na jirani yao Mulei, kijana wa bodaboda, alikuwa juu akivuta ndoo za udongo. Mbaluka aliona ukuta mmoja una mchanga uliolegea. Alijua anapaswa kupanda aongeze mbao za kuushikilia. Lakini udongo chini ya miguu yake ulikuwa umeanza kuwa baridi, na alitaka kesho yake Kavindu asishuke mtoni.

Kavindu alikuwa akipepeta maharagwe aliposikia kishindo. Alipofika kisimani alimkuta Mulei ameshika kamba iliyolegea, mdomo wazi.

"Amefunikwa, mama," Mulei alisema. "Ukuta wote umeshuka."

Majirani walikuja mbio na majembe. Walichimba kutoka juu, lakini kila walipotoa karai moja, mawili yaliporomoka. Wengine walifika kwa pikipiki kutoka Kikima. Ilipofika saa nane mchana, mzee mmoja aliegemea beleshi lake akasema kwa sauti ya chini, "Twende polepole. Sasa tunatafuta mwili." Kavindu alimsikia. Alikaa chini kwenye udongo.

Pasta Mulwa aliwakusanya watu akaanza kuomba kwa sauti kubwa. Wanawake walilia, mbwa walibweka, pikipiki zilinguruma njiani. Katikati ya kelele hizo Kavindu aliinua macho akamwona kyumanzi akitoka kwenye mahindi ya jirani. Ndege alipiga hatua moja, akasimama. Akainua mguu, akaurudisha. Aligeuzageuza kichwa kama mtu anayeitwa na hajui anaitwa kutoka wapi.

Hasikii, Kavindu aliwaza. Sisi ndio tunamzuia.

Aliinuka akamshika pasta mkono katikati ya maombi.

"Pasta, nisamehe. Naomba unyamaze."

Pasta alifumbua macho. "Kavindu?"

"Ndege anataka kusikiliza. Tafadhali."

Watu waliguna. Hakuna aliyewahi kumkatiza pasta, tena siku kama ile. Mulwa alimtazama Kavindu, akamtazama ndege, kisha akafunga mdomo. Yeye mwenyewe alikwenda njiani akazizima pikipiki, moja baada ya nyingine. Akina mama waliziba midomo kwa leso. Mtu alimshika mbwa wake pua.

Kilima kizima kikanyamaza.

Kyumanzi hakwenda kisimani. Alishuka chini ya tuta, pale mteremko ulipokatika, akaukanyaga ukingo kwa miguu yote miwili. Ngozi ya kooni ikaanza kucheza. Wote waliwahi kuiona ikitetemeka kwa ajili ya maji, lakini mara hii haikutetemeka. Ilipiga mara mbili, ikatulia. Ikapiga mara mbili, ikatulia.

Mulei aliweka kiganja kifuani mwake. "Huo ni moyo," alinong'ona.

"Chimbeni hapo," Kavindu alisema. "Mchimbe kwa kulala, muingie tumboni mwa kilima."

Walichimba wawili wawili kwa zamu, bila kusema neno. Ndege alirudi nyuma hatua chache akaketi, na Kavindu hakuondoa macho kooni pake. Kuna wakati mapigo yalichelewa. Alisema tu, "Haraka," na wanaume wakaongeza nguvu. Karibu na mwisho Mulei alitupa jembe, akihofia kumkata Mbaluka, akaendelea kwa mikono mpaka kucha zikang'oka. Saa kumi hivi alifikia ubao. Mbao za kisimani zilikuwa zimeanguka zikakingamana, zikaacha upenyo mdogo. Vidole vikatokea hapo, vyeupe kwa vumbi, vikimshika mkono.

Walimtoa taratibu. Mguu wa kushoto ulikuwa umevunjika, na suruali ilikuwa imelowa mpaka magotini. Kavindu alimfuta uso kwa leso yake.

"Kavindu," Mbaluka alisema, sauti ikikwaruza. "Maji nimeyapata."

Kavindu alicheka na kulia kwa pamoja, na hapo ndipo watu walipopiga kelele zote walizokuwa wamezibana. Pasta Mulwa alipiga magoti kwenye matope akamshukuru Mungu bila maneno mengi. Walipogeuka kumtafuta kyumanzi, alikuwa tayari amefika mbali, akishuka zake kuelekea upande wa Athi.

Mbaluka alikaa na plasta wiki sita. Alipoweza kutembea kwa magongo, alisema anataka kwenda nyumba kwa nyumba, kwa kila aliyekuwa pale.

"Ngoja upone," Kavindu alimwambia.

"Yule ndege sijui nitampata wapi nimwambie asante. Hawa najua wanakaa wapi."

Walikwenda pamoja, nyumba mbili au tatu kwa siku, kwa sababu ya milima. Kila alipofika aliuliza, "Wewe ulikuwa umesimama wapi?" Watu walimweleza, naye alisikiliza kana kwamba anahesabu nyuzi za kamba iliyomvuta. Mzee wa beleshi alimwomba msamaha kwa maneno aliyoyasema. Mbaluka alimkumbatia.

Kwa Mulei walifika siku ya nne. Kijana alionyesha kucha zake zilizoanza kuota, nyembamba kama maganda ya kitunguu. Mbaluka aliushika mkono ule kwa mikono yake miwili.

"Kaa, mzee," Mulei alisema. "Mama yangu anapika uji."

Wakakaa wakangoja uji.