Maksai wa Upande wa Chini

Shamba langu liko mteremkoni, na kwenye mteremko maksai wawili hawawi sawa hata wakilingana uzito. Mmoja hutembea juu, mwingine chini, na wakishazoea hivyo hawabadiliki mpaka wafe. Lucero wangu ni wa chini. Wa juu alikuwa Canelo, mali ya Leovigildo Sichacá, aliyemsimamia ubatizo binti yangu Yorleny, na tangu siku hiyo tuliitana mzazi mwenzangu. Tuliwachukua wakiwa ndama, kila mtu wake, tukawafundisha nira pamoja. Tangu mume wangu afariki, Leovigildo ndiye aliyeshika plau, nami nilitangulia na kamba. Tulilima kwake kwanza, halafu kwangu. Hapa Suatoque wenye jozi nzima ni wachache.

Mwaka huu tulilima kwake kama kawaida. Mbegu zangu za viazi zilikuwa zimeshachipua magunini, machipukizi marefu ya zambarau. Zikifika hapo hazisubiri. Usipozipanda haraka zinanyauka. Jumapili baada ya misa Leovigildo akaja kwangu, akavua kofia, akala sahani mbili za supu ya ngano na mifupa ya nguruwe, akashushia chicha niliyoipika kwa mahindi yangu mwenyewe.

"Mzazi mwenzangu," nikamwambia, "mvua inakaribia kukatika. Lini?"

"Alhamisi, mzazi mwenzangu. Lete Lucero asubuhi, tuanze kabla jua halijawa kali."

"Usije ukanichezea shere. Unajua mbegu zangu zimefika wapi."

"Mimi nikuchezee shere wewe? Mwanao nilimshika kwa mikono hii juu ya maji ya ubatizo!" Akacheka, akasogeza bakuli nimwongezee chicha.

Kesho yake mkewe, Rosalbina, akaniletea kipande kikubwa cha nyama ya ng'ombe. Nikasema moyoni, wamemkumbuka mjane. Nikaipika na viazi na mizizi ya kubio. Yorleny akalalamika kwamba ni ngumu. Nikamwambia afunge mdomo ale.

Alhamisi nikashuka na Lucero. Njia anaijua, yeye ndiye aliyenivuta mimi. Tulipofika kwenye zizi la Leovigildo akasimama mahali pake, akamsubiri mwenzake. Zizi lilikuwa tupu. Hata mavi ya ng'ombe yalikuwa yamekauka.

Leovigildo akatoka, ruana yake ya sufu begani, kikombe mkononi.

"Canelo yuko wapi?"

"Ingia kwanza, mzazi mwenzangu, upate kahawa."

"Sikuja kunywa kahawa. Canelo yuko wapi?"

"Nimemuuza. Mwanangu siku hizi ana trekta la kukodi, na shamba langu ni tambarare. Sasa maksai wa nini? Watu wa machinjio walikuja Ijumaa."

"Ijumaa ipi?"

Akakuna shingo. "Iliyopita."

"Na Jumapili ulikuwa kwangu unakula!"

"Nilikosa pa kuanzia. Ulikuwa umefurahi sana."

Rosalbina alikuwa amesimama mlangoni. Nikamtazama, naye akawatazama kuku wake. Hapo ndipo nilipoielewa ile nyama.

"Rosalbina, niambie hakuwa Canelo."

"Walituachia mguu mmoja," akasema kwa sauti ndogo. "Tuliona si vizuri kula peke yetu."

Nikashika pembe ya Lucero. Mnyama niliyemlambisha chumvi kwa kiganja changu tangu akiwa ndama, nimemla na viazi, nikasifu na mchuzi!

Mwanawe akachungulia kutoka nyuma ya trekta, akicheka. "Mama Eduvina, acha hayo mambo ya maksai. Ni ya enzi za mababu zetu Wamuiska."

"Wamuiska hawakuwa na ng'ombe, mpumbavu wewe. Ng'ombe waliletwa na Wahispania. Na hilo trekta lako lipandishe kwangu basi, tulione."

Akarudi nyuma ya trekta. Anajua kwamba likipanda kwangu litarudi limelala chali.

Nikazunguka nyumba kwa nyumba kutafuta maksai wa juu. Jirani yangu Apolinar akaniazima wake, tukawafunga nira, na ikawa vurugu tupu. Kumbe naye alikuwa wa chini. Walisukumana kama walevi wawili kwenye benchi moja mpaka tukawafungua.

Jumamosi lori likasimama getini. Leovigildo alikuwa ameketi mbele, kando ya dereva. Akashuka taratibu.

"Mzazi mwenzangu, nimekuletea mnunuzi. Maksai mmoja ni mdomo tu wa kulisha. Nimekuhurumia."

Dereva, kijana wa mjini asiyejua lolote, akashuka na kamba mkononi. "Ndiye huyu wa pili? Mzee, ungetupatia wote siku ile tusingesumbuka. Tangu mwezi uliopita unatuambia jozi, jozi."

Tangu mwezi uliopita! Yaani tulipokuwa tukilima kwake, mimi mbele na kamba, matope mpaka magotini, Lucero wangu alikuwa ameshaahidiwa kisu. Hakukosa pa kuanzia, mwongo yule. Alingoja mbegu zininyaukie, nikwame, nisalimu amri. Na huyu ndiye anayepanda jukwaani kila sikukuu ya mji, mbele ya kanisa, akituambia kwamba sisi wenye damu ya Kimuiska hatumwachi mwenzetu njiani. Mimi nami hupiga makofi mpaka viganja vinawaka.

"Ni kweli?" nikamuuliza.

"Jozi ina bei nzuri zaidi. Na wewe ungefaidika. Nilikuwa nakufikiria."

"Leovigildo," nikasema.

Akashtuka kama aliyepigwa kofi. Tangu ubatizo sikuwahi kumwita kwa jina. Kwetu mzazi mwenza haitwi jina lake hata mkigombana.

"Leovigildo Sichacá, rudi kwenye lori lako. Hapa kwangu usikanyage tena."

"Na Yorleny je? Ni mtoto wangu wa ubatizo."

"Yorleny ameshakula nyama yako. Inamtosha."

Tulilima kwa majembe ya mkono, mimi na Yorleny, na majirani wakaja kila mmoja alipopata nafasi. Mvua ikakatika kabla hatujamaliza. Nusu ya mteremko ilipandwa. Mbegu zilizobaki zilinyauka, tukawapa nguruwe. Nililia mbele ya watu, wala sikuona haya.

Lucero bado yupo. Hafanyi kazi yoyote, anakula tu, na sokoni wananitania eti namfuga maksai kama paka. Yule dereva amerudi zaidi ya mara moja, na kila akija bei imepanda. Nahitaji pesa hiyo, Mungu anajua. Lakini Leovigildo alimwahidi mtu jozi, na mimi sitamkamilishia. Huyu maksai atazeeka kwenye nyasi zangu mpaka afe mwenyewe, na akifa nitamzika mzima, nyama yake asiile mtu.