Shikamoo Iliyoangusha Jua

Usiku wa jana niliota nimealikwa Tabakatano, nchi ambayo hewa yake imepangwa kama vitanda vya bweni, kimoja juu ya kingine. Nimevaa koti la harusi na kandambili. Sikuona ajabu. Mimi ni mtu mzima, nina ndevu zenye mvi mbili tatu, na nikialikwa mahali huwa naenda.

Kandambili ya kushoto ndiyo iliyokuwa ikinitembeza. Ilikuwa na sauti ya karani aliyechoka.

"Huku hewa haishikiliwi na kitu ila heshima," ikasema. "Kila tabaka limeshika miguu ya mkubwa wake aliye juu. Shikamoo ni hiyo, mengine maneno tu. Akiachia mmoja, tumekwisha."

"Naelewa," nikasema. Sikuwa nimeelewa.

Chini kabisa alikuwa amelala Ukungu, kichwa cheupe pe. Nikainama kwa adabu. "Shikamoo, mzee."

Akaona haya mpaka akatawanyika kidogo. "Usinifanyie hivyo, baba. Mimi nimezaliwa leo alfajiri. Jua likipanda, ndiyo basi tena."

Mikono yake ilikuwa imeshika miguu ya Joto, mama mmoja mnene anayejipepea kwa kawa. Joto naye kwa mkono wa pili kashika miguu ya Mvua, inamchuruzikia usoni, wala halalamiki.

Tunapanda. Mara tuko duka la dawa tunapanga foleni, mara tuko juu ya kichwa cha Mvua. Hapo namkuta Baridi. Kasichana kembamba, nywele kasuka mabutu, kavaa sweta linalompwaya, mikono yote miwili kainyoosha juu. Kashika miguu ya Jua.

Nikasimama mbele yake. Nikasubiri salamu. Nikakohoa.

"Kwenu hamfundishwi kuamkia wakubwa?"

"Mikono imejaa, baba," akasema kwa upole.

"Salamu ni salamu."

Kandambili ikanibana kidole. Nikajifanya sijasikia.

"Haya," akasema. "Shikamoo." Akaachia miguu ya Jua, akainama, akanishika vifundo vya miguu. Viganja vyake vilikuwa vinaunguza.

"Marahaba, hujambo," nikajibu, kwa mazoea.

Jua likaanguka.

Linamkalia Mvua, Mvua anakauka huku bado anaongea. Mawe ya barafu yanamdondokea Joto, Joto anatetemeka na kuuliza nani kaacha friji wazi. Ukungu analia kwamba hata chai hajanywa. Wote wamelundikana chini, hujui nani kiangazi nani masika.

"Unamjua uliyemwinamisha?" ikauliza kandambili. "Huyo ndiye mama mdogo wa hewa yote. Usimpime kwa sweta."

Nikamtazama tena yule msichana. Alikuwa na uso wa Mwanaidi.

Mwanaidi ni mdogo wake marehemu mama yangu, tumbo moja, ila kwa umri nimempita mbali. Alikuja kwangu wiki iliyopita kutusalimia. Kila asubuhi namwambia, "Mambo, Mwanaidi," naye anatabasamu na kutazama pembeni. Jana, mbele ya wageni, nilisimama sebuleni nikamkoholea mpaka akaniamkia yeye. Nikaitika. Jioni akaanza kufunga begi lake, akasema ataondoka asubuhi.

Lo, aibu! Nilitamani ardhi ipasuke inimeze, lakini kule hakuna ardhi. Uso ukaniwaka mpaka Joto akanigombeza: "Na wewe usituongezee!"

"Piga magoti," ikasema kandambili. "Mshike miguu, umnyanyue arudi juu. Na utamke. Bila neno hapandi."

Nikapiga magoti, na koti langu. Nikamshika miguu. Hali ya hewa nzima inaningoja. Mvua amebaki tone moja, na hilo tone linanikodolea macho.

"Shi," nikasema. "Shi..." Nikaanza kulia, mtu mzima na ndevu zangu. Jua lilikuwa linazidi kuzama, na Mwanaidi haniangalii.

"Shikamoo, mama mdogo!"

Nikazinduka kabla hajaitika.

Kumekucha. Nikaburuza kandambili mpaka uani, ya kushoto ikanyamaza kama kandambili yoyote. Mwanaidi alikuwa amekaa kwenye ngazi ya mlango, begi pembeni, mikono kaizamisha kwenye beseni la maji.

"Una nini?" nikauliza.

"Hata sijui," akasema bila kuinua uso. "Nimeamka viganja vimebabuka, utadhani nimeshika kitu cha moto usiku kucha. Sasa begi lenyewe siwezi kulishika."

Nikatazama vifundo vya miguu yangu. Kila kimoja kilikuwa na alama nyekundu za vidole, vidogo, vyembamba.

"Shikamoo, mama mdogo," nikasema.

Jikoni mke wangu akaacha kukwangua sufuria.

Mwanaidi akainua uso. Akanitazama muda mrefu, nami sikukohoa.

"Marahaba, mwanangu," akasema. Kisha akalisukuma begi kwa mguu, likarudi ndani.