Sinki la Ghislaine

"Nani alimleta yule mtu na kamera yake? Si wewe?" Fernand alifoka kutoka ngazi ya juu, barua imekunjamana mkononi. "Haya, tumekuwa mume na mke. Hongera, bi harusi!"

"Na nani alikubali kunyoa ndevu kwenye sinki langu? Nilikushika mikono?" Ghislaine hakumwachia. Milango ya majirani ilikuwa ikifunguka mmoja mmoja. "Ulijiona mcheza sinema, mzee mzima!"

Jengo zima, na nusu ya mji wa Charleroi, lilijua ukweli. Hita ya Fernand ilikufa Novemba, wenye nyumba wakajifanya viziwi, naye akawa anashuka jioni kwa Ghislaine kuota moto. Ikifika saa tatu, anapanda kulala kwake. Lakini Thibaut, mtengeneza filamu za maisha halisi aliyejipatia jina miaka ishirini kwa kuwasemea wanyonge, aliupenda mwanga wa asubuhi katika bafu la Ghislaine. "Nyoa hapa, mzee wangu. Mara moja tu. Paka povu tena." Fernand akapaka mara nne.

Filamu ikaonyeshwa, na ofisi ya msaada wa serikali, iliyowalipa wote wawili posho ya mwezi, nayo ina televisheni. Mwanamume anayenyoa asubuhi kwa mwanamke huhesabiwa anaishi naye, na wanaoishi pamoja hupewa pungufu. Barua mbili zikaja siku moja. Kwa kilichobaki, Ghislaine hangeweza kulipa kodi. Mwisho wa mwezi atoke.

"Thibaut ataandika mistari miwili," Ghislaine alisema sasa, sauti imepungua. "Kwamba ni yeye aliyekupanga pale."

"Ataandika," Fernand alisema, akikipapasa kipara chake, "na mimi nitaota nywele."

Jioni hiyo filamu ilikuwa ikipewa tuzo mjini. Ghislaine alimngoja Thibaut mlangoni mwa ukumbi, karatasi tayari imeandikwa, kalamu mkononi. Thibaut alimkumbatia, akamwita mama. Akasoma. Tabasamu likafifia.

"Mama, nikitia saini hapa, kesho watasema filamu zangu zote ni za kupangwa. Wachimba migodi, wakimbizi, nani atawaamini tena?"

"Lakini uliipanga."

"Ili watu waone ukweli!"

"Wameuona. Mimi ndiye ninayehama."

Thibaut alimshika bega. Macho yake yakawaka. "Basi tutalipiga picha hilo. Siku ya kuhama nitakuja mwenyewe. Nchi nzima itaona haya."

Akamrudishia karatasi, imekunjwa vizuri.

Mwanamke mmoja akatokea nyuma ya Thibaut, sahani mkononi. Ghislaine alimjua: ndiye wa dirishani ofisi ya msaada, aliyemgongea muhuri barua ya kupunguziwa Jumatatu bila kuinua uso. Sasa aliuinua, na machozi yakamlengalenga.

"Thibaut, unamwacha mlangoni? Huyu si yule wa kwenye filamu? Jamani, nililia mimi! Ingia, mama, ingia ule. Chakula tele."