Mfungo wa Mbula

Pale mjini Kabati, ukikataa chakula utaulizwa maswali mpaka ukome, isipokuwa useme unafunga na kuomba. Hapo kila mtu anakuacha kwa heshima. Mbula, mwenye duka la nafaka na sauti nzito ya kwaya, aliujua ujanja huo vizuri.

Ukweli ni kwamba sare mpya ya kwaya ilikuwa imemkwama kiunoni. Badala ya kumwambia fundi aongeze kitambaa, alitangaza kanisani kwamba ana mzigo wa maombi na anafunga. Mchana maji, jioni chai ya rangi. Kichwa kikawa kinamzunguka, na hasira zake wateja wakazionja.

Laiti angeumia peke yake! Lakini kina mama wa kwaya wana upendo usiobisha hodi. Jumatano waliingia dukani wakiongozwa na Mama Kanyiva, mtu mzima mwenye vidonda vya tumbo, midomo imemkauka.

"Hata sisi tumefunga na wewe," akasema, ameshika tumbo. "Sasa tuambie huo mzigo, tuombe tukijua."

Mbula aliona aibu mpaka masikio yakawaka moto. Akisema, watamcheka mpaka Krismasi. Akinyamaza, mama wa watu ataumia bure. Potelea mbali, akajisemea moyoni.

"Hakuna mzigo, mama. Ni huu mwili. Sare hainiingii."

Mama Kanyiva akajibwaga juu ya gunia la ndengu.

"Aiya! Ni nguo tu? Mimi nikadhani ni ugonjwa, na vile nimeshachagua nyimbo za mazishi yako!"

Walicheka wakashikana mabega, na Mbula akacheka huku akilia, maana moyo ulikuwa umerudi mahali pake.

"Fundi aongeze kitambaa, hiyo ni kazi yake," Mama Kanyiva akasema. "Wewe punguza hizo soda unazokunywa kila siku, na asubuhi tutembee pamoja, hata mimi daktari aliniambia. Hatutaki uishe, Mbula. Tunataka ukae na sisi."

Muthokoi, mahindi yaliyokobolewa na kupikwa na maharagwe, ikaletwa kutoka hoteli ya jirani, na sukuma wiki tele. Mama Kanyiva akala, akaomba kuongezewa. Mbula akampakulia, kisha akajiongezea na yeye, bila kuangalia ni nani anayemtazama.