Matuta Chini ya Marumaru

Mvua ya kwanza ya Novemba iliponyesha Makambako, sakafu ya mapokezi kwenye gesti ya Efraimu ilijipanga matuta. Ilianzia mlangoni ikaenda mpaka kaunta, matuta yamenyooka utadhani yamelimwa kwa kamba. Marumaru zikapasuka moja moja, pa, pa, pa. Mgeni mmoja aliyekuwa anakunywa chai aliinua miguu, akaendelea kunywa.

"Shemeji!" Efraimu aliita uani. "Njoo ufagie shamba lako."

Alikuwa anatania, ila ndivyo ilivyokuwa. Pale palikuwa shamba la viazi la Margareth. Yeye na mumewe walipasafisha wenyewe, visiki waking'oa kwa mikono, enzi hizo kiwanja cha barabara ya Njombe hakina anayekigombania. Mume alipofariki, Efraimu, mdogo wa marehemu, akasema mwanamke harithi ardhi, akajenga gesti. Margareth akapewa chumba cha uani na kazi ya kufua mashuka. Akafua. Ila shamba halikukubali. Kila msimu wa kupanda ukifika, linajiinua.

Mara ya kwanza Efraimu alisema ni saruji mbovu. Mara ya pili akasema ni malori ya Zambia, yanatikisa mji. Safari hii hakuwahi kutoa sababu; Rejoice wa kaunta alikuwa ameshafikisha habari stendi kabla chai ya mgeni haijapoa.

Ukoo ukakaa kikao humohumo, viti vimepangwa kwenye mifereji kati ya tuta na tuta.

"Kamwene," alisalimia Mzee Ezekieli, baba mdogo wa Efraimu. "Mimi sina maneno mengi. Efraimu, tengeneza sakafu yako. Mvua za mwakani tutakuja kuangalia. Ikipanda tena, unabomoa, mama huyu anachukua shamba lake."

"Na isipopanda, baba?"

"Isipopanda, imeridhika."

"Itapanda," alisema Margareth.

Viazi vilipovunwa huko Kifanya, Margareth alinunua mbegu, akaitandaza chini ya kitanda chake ichipue. Rejoice alimcheka: "Mama, unalala juu ya shamba!"

"Wewe je, hukai juu yake kutwa nzima?" Margareth akamjibu.

Septemba Efraimu alimleta Mudy, fundi aliyewahi kujenga mahoteli Dar. Mudy alishusha kwenye basi bunda la plastiki rangi ya chungwa, lina vishimo vishimo kama trei la mayai.

"Huu ni mkeka," alisema. "Sakafu huku, marumaru kule, mkeka katikati. Unawatenganisha. Chini wakigombana, juu hawasikii."

"Kama mimi na wakwe zangu," alisema Efraimu.

"Haya, kinachopanda huko chini ni nini?"

"Matuta."

"Ya mahindi au ya viazi?"

"Viazi."

"Viazi havina shida. Mahindi ningekukatalia, mzee. Mahindi yana mabua."

Akabandua marumaru zote zilizovunjika, akasawazisha zege. Akapaka gundi kwa mwiko wenye meno, akatandaza mkeka na kuukandamiza mpaka ukashika. Halafu akajaza gundi kwenye vile vishimo, juu yake akapanga marumaru mpya, nyeupe zenye maua ya bluu. Margareth alikuwa amesimama mlangoni na beseni la mashuka.

"Fundi, mwanangu. Shamba linapumua huko chini?"

Mudy alifikiri. Kazi yake aliiheshimu, hakutaka kumdanganya mtu. "Linapumua, mama. Ila hutaona."

Novemba mvua ikanyesha. Wazee wakaja na makoti yao, wakakaa, wakaangalia chini. Chini ya mkeka matuta yalijipanga. Kila mtu aliyasikia, mlio kama wa majembe mengi kwenye udongo uliolowa, kutoka mlangoni mpaka kaunta. Soda zikatikisika kwenye chupa. Marumaru zilikaa kimya, hata moja haikupata ufa.

"Mnasikia?" Margareth aliuliza.

"Tunasikia," alisema Mzee Ezekieli. Akapitisha kiganja sakafuni, taratibu, mara mbili. "Lakini tulisema kupanda, mama. Hatukusema kusikia."

"Sakafu nzuri hii," mzee mwingine alisema. "Inateleza."

Margareth akaenda uani. Alivuta mbegu zake chini ya kitanda, akazikata machipukizi, akazichemsha, akawaletea wazee pamoja na chumvi. Wakala. Wakasifu, wakasema viazi vya siku hizi havina ladha kama hivyo.

Januari viazi vya chini vilichanua. Mapokezi yote yakanukia maua, na wageni wakamuuliza Rejoice anatumia dawa gani ya kupigia deki. Rejoice alisema ni ya Dar.

Margareth ndiye anayepiga deki mpaka leo. Anapita kwenye mifereji tu, tuta halikanyagi, ingawa sakafu ni bapa kama meza. Wageni wanaokaa siku nyingi nao huanza kupita hivyohivyo, bila kuambiwa. Na Efraimu, akitoka mlangoni kwenda kaunta, hafuati njia iliyonyooka. Anazunguka, anainua mguu, anavuka, anazunguka tena, kama mtu mwenye adabu anayepita kwenye shamba la mwenzie.