Utepe wa Eilidh

"Usiucheze huo utepe wa sauti, kaka!" Lorna, fundi wa studio, alimwonya Struan kwa simu. "Umelala kwenye unyevu miaka thelathini, gundi imelainika. Niletee Jumatatu niukaushe kwa moto mdogo, ndipo tunakili. Ukiucheza sasa unauchuna ngozi, na sauti iko kwenye ngozi hiyo. Umenisikia?"

"Nimekusikia. Nilipiga gitaa, lakini sijawa kiziwi."

Shida haikuwa masikio, ilikuwa moyo. Makaa ya Jumapili, bendi yao ya pale Glasgow, ilitoa albamu tatu, na zote aliimba mtu mwingine, maana Eilidh, mwimbaji wao, alikufa kabla ya ile ya kwanza. Sauti yake ilibaki kwenye utepe huo tu, wimbo mmoja ambao haukutolewa kamwe. Na sasa mama yake Eilidh, Bi Morag, alikuwa anameza mofini ya maumivu zaidi ya mkate.

Struan alimkuta jikoni, blanketi magotini, chai imepoa.

"Mashine umeleta?"

"Nimeleta, mama. Ila Lorna anasema tungoje Jumatatu."

"Lorna ana Jumatatu. Mimi sina." Akacheka, akakohoa. "Washa, bwana wee! Au unataka nikamsikie hukohuko kaburini?"

Mchelea mwana kulia hulia yeye, na Struan alimchelea mzee. Akaufunga utepe mashineni, akabonyeza.

Kikaja kicheko. "Struan, acha kulikuna hilo gitaa, nianze!" Alikuwa Eilidh, mzima, wa miaka kumi na tisa. Akaanza kuimba. Bi Morag akaishika meza kwa mikono miwili, machozi yakimtiririka na meno yote nje. Utepe ukaanza kulia kama bawaba kavu. Struan aliujua mlio ule, na kidole chake kilikuwa juu ya kitufe cha kuzima. Lakini angemzimaje Eilidh mbele ya uso ule? Akaacha wimbo uende hadi mwisho. Hata simu mfukoni, ambayo ingeweza kurekodi, hakuikumbuka.

Alipofunua mashine, tope la kahawia lilikuwa limeganda ndani, na utepe umebaki plastiki tupu. Akaligusa tope, likamnata kidoleni. Alitamani afe yeye.

"Rudisha nyuma, mwanangu," Bi Morag alisema, uso umenawiri. "Tumsikie tena."

Struan akarudisha nyuma, akabonyeza. Bi Morag akalisogeza sikio karibu, akangoja binti yake aanze.