Kiti cha Gaudiosi

Gaudiosi alikuwa hajafa bado Minani alipoanza kukitamani kiti chake. Ndiyo aibu yenyewe, bora tuiseme mapema.

Kilikuwa kiti cha mji wa Louisville, Marekani, katika bunge la jumuiya ya Warundi waliotoka kambi za wakimbizi za Tanzania. Columbus na Buffalo nao walikuwa na wabunge wao. Mzungu angeliita kamati, lakini wenyewe walisema bunge, na mbunge akifa, uchaguzi mdogo.

Gaudiosi na Minani walikuwa chanda na pete, wakipanda gari moja kwenda kiwandani Jeffersontown. Gaudiosi alipougua ini, Minani alimletea uji kila Jumapili. Siku moja, uji ukiwa jikoni mwa mgonjwa unapata moto, aliwapigia simu wakubwa wa Columbus na Buffalo. "Mzee wetu hatafika mwisho wa mwezi," alisema. "Mkija kusimamia uchaguzi, mnikumbuke." Kisha akampelekea mgonjwa uji, akamnywesha kwa kijiko.

Mwezi Mei 2015, matanga yakiwa yameondolewa, watu walijaa ukumbi wa kanisa pale Beechmont. Walipiga kura kama kule kambini: wagombea wanatazama ukuta, wapiga kura wanajipanga nyuma ya wanayemtaka. Mgombea haruhusiwi kugeuka, asije akamwekea mtu kinyongo.

Minani alisikia viatu vingi vikielekea kwa mgombea mwenzake, Joselyne, mwalimu wa kwaya. Akaomba kimoyomoyo ashindwe, autue mzigo. Papo hapo akaomba ashinde. Binadamu!

Mara mtu akasimama nyuma yake, karibu kabisa.

"Shemeji."

Alikuwa Flavia, mjane wa Gaudiosi. Watu walipoona mjane amesimama wapi, viatu vikaanza kuhama.

"Mama, kwa nini mimi?" Minani alinong'ona.

"Usigeuke. Marehemu ndiye aliyeniagiza. Mlango wa jikoni ulikuwa wazi siku ile, alisikia yote."

"Alisemaje?"

"Alisema, huyu anakitaka sana, mpe. Halafu akanywa uji wako wote, usije ukajua kwamba amejua."

Nyuma yao mstari ulikuwa umefika mlangoni. Msimamizi kutoka Buffalo hakuhitaji hata kuhesabu.

"Mheshimiwa Minani!" alitangaza, na vigelegele vikapanda. "Sasa geuka, uwasalimie watu wako."

Minani aliendelea kutazama ukuta. Ilibidi msimamizi aje amshike bega.